Nina njaa, nimechoka, chai ya moto: vivumishi vya Kiingereza vinakojificha ndani ya Kiswahili chetu

Mwanafunzi yeyote aliyepita kidato cha kwanza, awe wa Arusha au wa Moshi, anaijua kanuni hii: kivumishi cha Kiingereza kinakaa kabla ya nomino. Sisi tunasema "nyumba kubwa", wao wanasema "big house". Kanuni ni ya kweli na haihitaji hata dakika tano kueleweka. Ndiyo maana inanisikitisha kuona masomo mengi ya jioni na vitabu vingi vya kujifundishia vinaanzia hapo na kuishia hapo hapo. Watu hawakosei hapo. Kijana anayeuza nguo Soko la Kilombero hawezi kukuambia "house big". Ninachokisikia mara kwa mara ni "I have hungry", "I am very interesting in birds", "We will do a six days trek" na "This coffee smells well". Makosa yote manne yanahusu vivumishi, na hakuna hata moja linaloponywa na kanuni ya "kabla ya nomino".

Chanzo ni kwamba Kiswahili kina vivumishi halisi vichache. Kuna vinavyopokea kiambishi cha ngeli, kama -zuri, -baya, -kubwa, -refu, -pya, -kali na -gumu. Kuna visivyobadilika, vingi vikiwa na asili ya Kiarabu, kama safi, ghali, rahisi na hodari. Ukishavitaja hivyo na ndugu zake, umekaribia kumaliza. Si kwamba hatuwezi kueleza sifa. Tunaweza sana, ila kazi hiyo tumezigawia aina nyingine za maneno. Hali ya mwili tunaieleza kwa "kuwa na": nina njaa, ana hasira. Hali iliyotokana na tukio tunaieleza kwa kitenzi chenye -me-: nimechoka, mlango umefungwa, glasi imevunjika. Aina ya kitu tunaieleza kwa -a ya uhusiano: chai ya moto, nyumba ya mbao. Tuna -enye pia: mwenye bahati, mwenye nguvu. Kiingereza kinavikusanya vyote hivyo na kuvifanya vivumishi: hungry, angry, tired, closed, broken, hot, wooden, lucky, strong.

Kwa hiyo anayetafsiri neno kwa neno hawezi kukiona kivumishi, kwa sababu kwenye sentensi yake ya Kiswahili hakipo. Anachohitaji kujiuliza ni hiki: hapa naeleza tendo, au naeleza hali? Ikiwa ni hali, mara nyingi Kiingereza kitadai "be" na kivumishi baada yake.

Tuanze na "kuwa na", kwa sababu ndiyo inayowasumbua hata watu waliokizungumza Kiingereza kwa miaka. Kwetu njaa, kiu, usingizi, hasira na mimba ni nomino, na mtu anaweza kuwa nazo. Kwao hungry, thirsty, sleepy, angry na pregnant ni vivumishi, na kivumishi hakimilikiwi. Ndiyo maana "She has pregnant" haisimami. Ni "She is pregnant". Lakini ukifika kwenye maradhi mambo yanageuka: Kiingereza nacho kinatumia nomino, na kinasema "I have a headache", "I have a fever". Sasa fikiria mgeni aliye kambini mlimani jioni, akwambie "I am cold". Anataka koti, au maji ya moto ya kushika mkononi. Akikwambia "I have a cold", ana mafua, na kwa anayepanda kwenda mita 5,895, kileleni mwa Kilimanjaro, hiyo ni taarifa ambayo kiongozi wa msafara lazima aifuatilie. Mpagazi anayesema "I have cold" amemwacha msikilizaji katikati, hajui kama alete koti au aulize kuhusu kifua.

Kwenye -me- kuna mtego mwingine, kwa sababu kiambishi hicho kinabeba mambo mawili. "Nimekula" ni tendo lililokamilika: "I have eaten". "Nimechoka" ni hali niliyomo: "I am tired". Vivyo hivyo "nimechelewa" ni "I am late", na "nimeshiba" ni "I am full". Nawashauri wanafunzi wapime kwa maswali mawili ya Kiswahili cha kawaida kabisa. Ukiuliza "Yukoje?" na jibu likakaa vizuri, tumia kivumishi. Ukiuliza "Amefanya nini?" na jibu likakaa vizuri, tumia kitenzi. Mlango ukoje? Umefungwa: "The door is closed". Mlinzi amefanya nini? Ameufunga mlango: "The guard has closed the door". Kipimo hiki hakihitaji kamusi wala jedwali la nyakati.

Hapo ndipo tunafika kwenye jozi za -ed na -ing, ambazo naziona ni sehemu iliyofundishwa vibaya kuliko zote. Wanafunzi huambiwa kwamba -ed ni ya watu na -ing ni ya vitu. Si kweli. Mtu anaweza kuwa "boring", anaweza kuwa "interesting", anaweza kuwa "frightening". Tofauti halisi ni ya nani anasababisha na nani anapatwa, na tofauti hiyo Kiswahili kinaionyesha waziwazi ndani ya kitenzi chenyewe: kuchoka na kuchosha, kushangaa na kushangaza, kuogopa na kuogopesha, kusisimka na kusisimua, kuvutiwa na kuvutia, kuchanganyikiwa na kuchanganya. Kinachochosha ni "tiring", aliyechoka ni "tired". Kinachoshangaza ni "surprising", aliyeshangaa ni "surprised". Kinachovutia ni "interesting", aliyevutiwa ni "interested". Mzungumzaji wa Kiswahili anazijua jozi hizi tangu utotoni. Bado tu hajaelekezwa azitumie.

Jioni moja darasani, kijana anayejiandaa kuwa kiongozi wa wapanda mlima alikuwa akifanya mazoezi ya kuwaeleza wageni siku ya kupanda Ukuta wa Barranco, mwamba mkubwa ulio njiani kwenda kilele cha Kilimanjaro. Akasema kwa sauti ya kujiamini: "Tomorrow you will be very tiring, but the wall is not frightened."

Nikamuuliza kwa Kiswahili, "Wageni watachoka au watachosha?"

"Watachoka, mwalimu."

"Basi niambie tena."

"You will be tired." Akanyamaza kidogo, kisha akaendelea bila kuulizwa. "Ukuta hauogopi, ukuta unaogopesha. The wall is not frightening."

Sikumwongezea kanuni yoyote siku hiyo. Aliyokuwa nayo ilitosha, na sentensi yake ya kwanza aliyoijenga mwenyewe baada ya hapo ilikuwa "The view is amazing and the guests are amazed", haina kosa hata moja.

Sasa -a ya uhusiano. Chai ya moto, maji ya baridi, gari la zamani: hizi ni rahisi, "hot tea", "cold water", "old car". Kazi iko pale ambapo kinachofuata -a ni nomino kamili, kama mkulima wa kahawa au duka la viatu. Kiingereza kinaichukua nomino hiyo, kinaileta mbele na kuifanya itende kazi ya kivumishi: "coffee farmer", "shoe shop". Angalia kwamba viatu vimepoteza wingi wake. Duka lina mamia ya viatu lakini ni "shoe shop", kwa sababu neno likishashika nafasi ya kivumishi, kwa kawaida halichukui wingi.

Mjini Moshi kuna jina linaloonyesha jambo hili vizuri kuliko mfano wowote wa kubuni: Kilimanjaro Native Co-operative Union, KNCU, chama kikuu cha wakulima wa kahawa kilichoanzishwa mwaka 1933. Lisome jina hilo kutoka mwisho kwenda mwanzo: Union, chama, Co-operative, cha ushirika, Native, cha wenyeji, Kilimanjaro, wa Kilimanjaro. Mpangilio wa Kiswahili ndio huo huo, umegeuzwa tu kichwa chini. Neno lililo karibu zaidi na nomino kwa Kiingereza ndilo lililo karibu zaidi na nomino kwa Kiswahili. Tutalihitaji hilo baadaye kidogo.

Kutoka hapo "safari ya siku sita" inaeleweka. Siku sita zimeletwa mbele ya nomino, zimekuwa kivumishi, kwa hiyo -s inaanguka na kistari kinaingia: "a six-day trek". Sentensi ikigeuka na siku zikarudi kuwa nomino, -s inarudi: "The trek takes six days". Kwa utaratibu huo huo tunapata "a ten-year-old boy" lakini "The boy is ten years old", na "a 5,895-metre mountain" lakini "The mountain is 5,895 metres high". Matangazo mengi ya kampuni za utalii yanaandika "6 days trek", na nasisitiza jambo hili kwa sababu ni kosa dogo tu la maandishi ambalo mteja wa nje huliona kabla hajaangalia bei.

Maelezo ya rejeshi nayo huficha kivumishi. Mlima uliofunikwa na theluji ni "a snow-covered mountain". Watu wanaozungumza Kiingereza ni "English-speaking people". Si lazima kila mara useme "people who speak English", ingawa hakuna kosa ukisema hivyo.

Nije kwenye kahawa. Katika kijiji cha Materuni, juu ya Moshi, wageni hupelekwa kuona kahawa inavyokaangwa kwenye chungu na kutwangwa kwenye kinu huku watu wakiimba. Mwenyeji anamimina kikombe, anakisogeza puani mwa mgeni na kusema "It smells well". Amefanya kile ambacho Kiswahili kinamwagiza: kahawa inanukia vizuri, na "vizuri" ni kielezi kwa sababu kinaeleza kitenzi. Ila Kiingereza kinaliangalia jambo hili kwa jicho jingine. Kahawa haifanyi kazi yoyote ya kunusa, inaelezwa ilivyo. "Smell" hapa imesimama mahali pa "is", na baada ya "is" tunaweka kivumishi: "The coffee is good", kwa hiyo "The coffee smells good". Vivyo hivyo kwa taste, look, sound, feel na seem. "The soup tastes delicious", "You look beautiful", "That sounds strange". Ukiweza kuondoa kitenzi ukaweka "is" na maana ikabaki karibu ile ile, weka kivumishi. Usipoweza, weka kielezi: "The driver drives carefully", kwa sababu "The driver is careful" ni habari nyingine, dereva makini anaweza siku moja akaendesha ovyo.

Vielezi vingi, kama "carefully", huishia na -ly, lakini usiiamini -ly kwa macho tu. Friendly, lovely na lonely zina -ly lakini ni vivumishi. Nayo "hardly" haina uhusiano na juhudi kabisa: "He works hard" ni kumsifu, "He hardly works" ni kusema karibu hafanyi kazi.

Mpangilio wa vivumishi vingi kwa pamoja huogopesha kuliko unavyostahili. Muuzaji wa Maasai Market ya Arusha anaweza kusema shuka zuri kubwa jekundu la Kimasai, au shuka kubwa jekundu zuri la Kimasai, na hakuna atakayemshangaa. Kwa Kiingereza "a red big beautiful Maasai blanket" inasikika imevunjika, ingawa kila neno ni sahihi. Vitabu hutoa orodha ndefu: maoni, ukubwa, umri, umbo, rangi, asili, malighafi, matumizi. Orodha ni sahihi kwa sehemu kubwa, ila sioni haja ya kuikariri yote. Rudi kwenye jina la KNCU: kilicho cha asili zaidi kwa kitu kinakaa karibu na nomino, na kilicho cha mtazamaji kinakaa mbali. Uzuri ni maoni yangu, mwingine anaweza kubisha. Huo unakwenda mwanzo kabisa. Ukubwa unategemea nalinganisha na nini. Rangi iko kwenye kitu chenyewe. Umasai wa shuka ndio unaolitofautisha na blanketi la aina nyingine, kwa hiyo unaigusa nomino: "a beautiful big red Maasai blanket". Pete ya tanzanite, jiwe linalochimbwa Mirerani na kuuzwa kwenye maduka ya Arusha, ni "a lovely small blue tanzanite ring", kwa hoja ile ile. Kwa kawaida watu hawarundiki zaidi ya vivumishi vitatu, na nawe usirundike.

Upatanisho wa kisarufi hauhitaji maneno mengi. Kivumishi cha Kiingereza hakibadiliki kwa umoja na wingi: mtoto mzuri, watoto wazuri, miti mizuri, vyote ni "beautiful". Hata kikitumika chenyewe kwa kundi la watu hakichukui -s: maskini ni "the poor", wazee ni "the old".

Uteuzi wa neno ni mgumu zaidi, kwa sababu vivumishi vyetu vichache vimebeba mizigo mingi. Chukua -kali. Kisu kikali ni "sharp", mbwa mkali ni "fierce", mwalimu mkali ni "strict", jua kali ni "hot", dawa kali ni "strong", chungwa kali ni "sour", maumivu makali ni "severe". Au -refu: mtu mrefu ni "tall", barabara ndefu ni "long", mlima mrefu ni "high", kisima kirefu ni "deep". Njia ninayoiamini ni kujifunza kivumishi pamoja na nomino yake, ukiandika "strict teacher" na "deep well" kwenye daftari, badala ya kuandika "kali" upande mmoja na maneno saba upande wa pili.

Kwenye kulinganisha, kosa linatoka kwenye "kuliko". Tunasema Meru ni mfupi kuliko Kilimanjaro. Kivumishi hakijaguswa, "kuliko" ndiyo imefanya kazi yote. Hivyo mtu anasema "Meru is low than Kilimanjaro". Kiingereza kinataka kivumishi chenyewe kibadilike: "lower than". Vifupi huchukua -er, virefu huchukua "more" mbele, na havichukui vyote viwili kwa mpigo. "More better" inatoka moja kwa moja kwenye "bora zaidi", lakini "better" tayari ina "zaidi" ndani yake.

Kibao cha Uhuru Peak, kilele cha Kilimanjaro, kinafundisha vizuri kivumishi cha "kuliko yote". Kinasema "Africa's highest point", halafu "World's highest free-standing mountain". Tazama kwanza kwamba baada ya "Africa's" hakuna "the". Ukianza na mwenye mali, "the" ya "highest" inaondoka. Ukianza na kitu chenyewe, inarudi: "the highest mountain in Africa". Ni "in", ingawa sisi tunasema mrefu kuliko yote "ya" Afrika. Tazama pia "free-standing": mlima unaosimama peke yake, usio sehemu ya safu ya milima. Ni rejeshi letu tena, limebanwa likawa kivumishi chenye kistari.

Baada ya kusisitiza haya yote, ipo idadi ndogo ya vivumishi vya Kiingereza vinavyokaa baada ya nomino, na Arusha tunaishi navyo. Makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki yako hapa, na mkuu wa sekretarieti yake anaitwa Secretary General. "General" ni kivumishi, "Secretary" ni nomino, mpangilio ukiwa sawa na wa Katibu Mkuu. Muundo huo ni wa Kifaransa. Baada ya Wanormani kuiteka Uingereza mwaka 1066, sheria na utawala viliendeshwa kwa Kifaransa kwa karne nyingi, na majina ya vyeo yakabaki na sura hiyo; Attorney General ni wa ukoo huo huo. Kwa kuwa nomino ni ile ya kwanza, wingi unawekwa pale: Secretaries General.

Kuna pia asleep na alive, ambavyo haviwezi kabisa kukaa kabla ya nomino. Huwezi kusema "an asleep child". Ni "The child is asleep" au "a sleeping child". Kile "a-" cha mwanzo ni mabaki ya "on" ya zamani: mtu alikuwa "on sleep", usingizini. Na baada ya something, nothing na somebody, kivumishi hufuata nyuma kama kwetu: "something hot", "nothing serious".

Wanaoandika mihtasari ya vikao kwenye ofisi za Arusha waangalie zaidi neno "present", kwa sababu likihama mahali linabadilika maana. "The present members" ni wanachama wa sasa. "The members present" ni wanachama waliohudhuria. Tangu Somalia ilipokamilisha kujiunga mwaka 2024, Jumuiya ina nchi wanachama nane, kwa hiyo "the present members" ni nane. Zikifika sita kikaoni, "the members present" ni sita, na aliyeandika "The present members agreed" ameziandikia nchi mbili makubaliano ambayo hazikuwepo kuyafanya.